Feni ya rejeta haizunguki: ni rilei, mota au swichi ya joto?

Swali: Nina Corolla 110 ya mwaka 1998, injini 5A-FE. Barabara kuu inakwenda vizuri, ila nikikaa kwenye foleni mshale wa joto unapanda karibu na H na feni ya rejeta haizunguki kabisa. Fyuzi nimeitazama, haijakatika. Fundi alichomoa waya wa swichi ya joto akaugusisha kwenye bodi, feni ikabaki kimya, akasema mota imekufa. Mwingine anasema ni rilei, na kwamba dawa ni kuunganisha feni moja kwa moja. AC haina gesi kwa hiyo siiwashi. Nianzie wapi? (Msomaji, Morogoro)

Jibu: Usinunue mota bado. Kipimo alichofanya fundi wa kwanza hakijathibitisha chochote, kwa sababu kwenye Corolla 110, kama kwenye Toyota nyingi za miaka ya 1990, feni imefungwa kinyume na wengi wanavyodhani. Waya wa swichi ya joto ukigusa bodi, feni inatakiwa kunyamaza. Ukiachwa hewani, feni inatakiwa kuzunguka. Fundi aliugusisha kwenye bodi, feni ikanyamaza, naye akaihukumu mota.

Mfumo wenyewe uko hivi. Maji yakiwa ya baridi, chini ya nyuzijoto 83 hivi, swichi ya joto imefunga na inapeleka ethi (njia ya kurudi hasi ya betri kupitia bodi) kwenye koili ya rilei ya feni, yaani swichi inayoendeshwa na sumaku ya umeme. Ufunguo ukiwa ON koili hiyo inapata umeme na kuvuta platini (vidoti vinavyogusana kupitisha umeme wa feni) zifunguke, kwa hiyo feni imezimwa. Maji yakifika kama nyuzijoto 93, swichi inafungua, koili inapoteza ethi, platini zinarudi kugusana kwa nguvu ya springi yake, feni inazunguka. Yaani rilei hii ikiwa haina umeme kwenye koili ndipo inawasha feni. Toyota walifanya hivyo kwa makusudi: waya ukikatika, soketi ikichomoka au koili ikiungua, feni inazunguka muda wote na injini inapona. Ili feni izime ufunguo ukitolewa, umeme wake unapitia kwanza rilei nyingine iliyoandikwa ENGINE MAIN, ambayo inafunga pale tu ufunguo unapokuwa ON.

Ukishaelewa hilo, dalili zinajipanga zenyewe. Koili ya rilei ya feni ikikatika, feni haitasimama tangu asubuhi injini ikiwa baridi. Feni isiyozunguka kabisa, kama yako, inaelekeza kwenye platini zilizoungua, umeme usiofika, mota iliyokufa, swichi iliyoganda ikiwa imefunga, au waya wa swichi uliochubuka na kugusa bodi. Au maji yamepungua, na hili ndilo la kuanza nalo kwa sababu halina gharama.

Gari likiwa limepoa kabisa, fungua mfuniko wa rejeta na uangalie kama maji yamejaa hadi shingoni. Tangi la akiba la plastiki lisikudanganye. Linaweza kuwa limejaa huku rejeta iko nusu. Swichi ya joto ikizungukwa na hewa badala ya maji, haisikii joto lolote, na injini inachemka huku swichi ikiamini mambo ni shwari. Kwa sababu hiyohiyo themostati (vali inayoruhusu maji kwenda kwenye rejeta) iliyoganda ikiwa imefunga inaweza kuinyima feni amri pale swichi inapokuwa upande wa maji yanayorudi kutoka kwenye rejeta: mpira wa juu unaunguza mkono, wa chini ni baridi, feni imelala. Ukikuta hivyo, achana na rilei na ushughulikie themostati. Na usifungue mfuniko huo injini ikiwa ya moto hata kama una haraka kiasi gani. Maji yale yako chini ya presha na yamezidi nyuzijoto 100. Ukiachia presha yanalipuka kuwa mvuke usoni.

Maji yakiwa sawa, fanya kipimo kimoja kinachomaliza nusu ya kazi. Injini iwe baridi. Weka ufunguo ON bila kuwasha injini. Feni inatakiwa kuwa kimya. Chomoa soketi ya swichi ya joto na uiache ikining'inia, isiguse chuma. Feni inatakiwa kuanza papo hapo, kwa hiyo mikono, mikono ya shati na vitambaa viwe mbali kabla hujachomoa. Hakikisha umeshika swichi ya feni na si sensa ya dashibodi wala sensa ya kompyuta, maana ziko kadhaa na mafundi huzichanganya. Njia nyepesi ya kujua: injini ikiwa na uvuguvugu, ukichomoa ile ya dashibodi mshale wa joto unaanguka. Irudishe, tafuta nyingine.

Feni ikizunguka ulipochomoa, basi mota ni nzima, rilei ni nzima, fyuzi na nyaya ni nzima. Tatizo ni swichi ya joto iliyoganda, na hakuna haja ya kugusa kitu kingine. Ndiyo maana ingefaa umuulize yule fundi: pale alipochomoa waya na kabla hajaugusisha kwenye bodi, ufunguo ulikuwa ON? Kama ulikuwa OFF, alikiruka kipimo chenyewe. Swichi hupimwa kwenye sufuria ya maji jikoni kwa mita iliyowekwa kwenye kipimo cha mguso, kinacholia umeme ukipita, na kipimajoto: maji ya baridi, mita ilie, yakipita nyuzijoto 93, inyamaze, yakipoa hadi 83, ilie tena. Isiyonyamaza hata maji yakitokota ni ya kutupa.

Feni isipozunguka, tega sikio kwenye boksi la rilei huku mtu akichomoa na kuchomeka soketi ile. Kila mara unatakiwa kusikia "tik". Ukisikia tik na feni haiendi, koili inafanya kazi, na mshukiwa ni platini, umeme unaoingia au mota. Usiposikia chochote, ama koili haipati umeme au waya wa swichi umegusa bodi mahali fulani njiani. Ila tik peke yake haisafishi rilei. Sauti ile ni ya kipande cha chuma kinachovutwa na koili. Haisemi lolote kuhusu platini kupitisha ampia kumi.

Sasa fyuzi. Umesema umeitazama. Fyuzi ya feni, RDI FAN, mara nyingi ni ya ampia 30, na zile za boksi kubwa zinaweza kuwa na ufa usioonekana kwenye kioo chake. Ipime kwa taa ya kupimia ikiwa mahali pake, ufunguo ukiwa ON: pande zote mbili ziwake sawa. Chukua nafasi hiyo kuangalia kama plastiki yake au ya soketi imebadilika rangi kuwa kahawia. Rangi hiyo ni ushahidi wa joto, na joto hutokana na mguso uliolegea au mota inayokula umeme kupita kiasi.

Kisha mota, kwa kuwa ndiyo iliyoshtakiwa. Chomoa soketi yake, ipelekee umeme wa betri moja kwa moja kwa nyaya mbili za unene wa milimita za mraba 2.5, ule wa chanya ukiwa na fyuzi ya ampia 30 karibu na betri. Mota nzima inaanza bila kusitasita na inafika kasi yake ndani ya sekunde moja au mbili. Feni ikianza baada ya kusukumwa na kijiti, brashi za kaboni zimeisha. Ikitetemeka au kulia, bushi zimechakaa. Kama una mita ya kubana kwenye waya inayosoma DC, soma ampia: feni ya gari dogo la aina hii kwa kawaida inatulia kati ya 6 na 12. Ikikaa 18 au 20 bado inazunguka, ndiyo, lakini ndiyo itakayoua rilei mpya utakayonunua. Andika namba hiyo pembeni.

Mota ikipita mtihani, ndipo tunaichomoa rilei iliyoandikwa FAN, kwa kawaida FAN No.1. Rilei za Toyota huandikwa namba za miguu kwa chini au ubavuni. Mguu wa 1 na 2 ni koili. Kwa rilei hii ya kinyume, platini ziko mguu wa 3 na 4. Rilei za kawaida, kama ENGINE MAIN au ya honi, platini zake ziko 3 na 5. Ukikuta rilei ya kampuni nyingine yenye namba za Kijerumani, 85 na 86 ni koili, 30 ndio mguu wa pamoja, 87 unafunga koili ikipata umeme na 87a unafunga koili isipopata. Feni ya Corolla yako inahitaji kazi ya 30 na 87a.

Pima koili kwanza kwa omu kati ya 1 na 2. Nyingi za volti 12 zinasoma kati ya omu 50 na 120. Isiposoma kabisa imekatika. Ikisoma omu chache tu imepiga shoti ndani. Halafu pima 3 na 4 bila umeme: mita ilie, chini ya omu 1. Weka volti 12 kwenye 1 na 2: mita inyamaze. Angalia polariti kama rilei ina mchoro wa dayodi ubavuni, kwa sababu ukigeuza chanya na hasi dayodi ile inaungua mara moja.

Hapo ndipo wengi wanaposema "rilei nzima" na kuirudisha, na ndipo wanapokosea. Mita inapopima mguso inapitisha umeme mdogo mno, ambao hata platini iliyobaki na nukta moja safi inaupitisha bila shida. Mota haiombi kidogo hivyo. Inapoanza tu inavuta mara kadhaa ya ampia zake za kawaida. Kwa hiyo ipime rilei ikiwa na mzigo. Chukua taa ya mbele ya wati 55, inavuta karibu ampia 4.6. Ipitishie umeme wa betri kupitia mguu wa 3 na 4, taa iwake, kisha weka mita kwenye volti DC, ncha moja mguu wa 3 na nyingine mguu wa 4. Rilei nzuri inaonyesha chini ya volti 0.1. Ongeza taa ya pili sambamba na ya kwanza. Ikipanda hadi volti 0.5 au zaidi platini zimeungua, hata kama mita ililia vizuri dakika moja kabla. Shika gamba lake pia. Uvuguvugu baada ya dakika chache si neno. Ikiunguza kidole, haifai.

Rilei inayofanya kazi asubuhi na kugoma mchana ipime ikiwa ya moto: iache na mzigo wa taa kwa robo saa, igongegonge kwa mpini wa bisibisi huku ukitazama taa. Taa ikipepesa, umempata. Ukiifungua gamba utaona vidoti viwili vya platini. Vizima vinang'aa kijivu, vilivyoungua vina shimo upande mmoja na kilima upande wa pili, na weusi pembeni. Kuna mafundi wanaovipiga msasa na kurudisha. Kama ni usiku na uko Mikumi, sawa. Lakini msasa unaondoa tabaka jembamba la madini ya fedha lililokuwa linavumilia cheche, na kinachobaki kinaungua haraka zaidi.

Rilei ikiwa nzima, kagua soketi yake kabla ya kuhamia kwingine. Weka taa ya kupimia kati ya tundu la mguu wa 1 na la 2, ufunguo ON, injini baridi, swichi ya joto ikiwa imechomekwa. Taa iwake. Chomoa swichi ya joto, taa izime. Ikiendelea kuwaka, waya wa swichi umegusa bodi, mara nyingi pale unapopita karibu na bomba la ekzosti au chini ya bano ya betri. Kisha tundu la 3 na la 4: moja kati yake lionyeshe volti 12. Yakikosa yote mawili wakati fyuzi ni nzima, rudi kwenye ENGINE MAIN na uipime 3 na 5: kimya bila umeme, ilie ikipewa umeme kwenye 1 na 2. Volti zikiwepo, unganisha tundu la 3 na la 4 kwa waya mnene. Feni ikizunguka, rilei ndiyo yenye kosa, kesi imefungwa. Usijaribu mchezo huo kwenye 1 na 2, utachoma fyuzi.

Kuna wanaopenda kubadilishana rilei na ya honi ili kupima haraka. Kwa magari mengi ni njia nzuri. Kwa hili lako ni mtego, kwa sababu ya honi ni ya kawaida na ya feni ni ya kinyume. Gamba linaweza kufanana rangi na ukubwa. Haitaingia, au ikiingia haitafanya kazi inayotakiwa. Hatari hiyohiyo ipo dukani. Ukienda Kariakoo au Kirinyaga Road Nairobi, nenda na rilei ya zamani mkononi, linganisha mchoro ulio ubavuni na namba za miguu, na umwombe muuzaji akupimie 3 na 4 kabla ya kulipa: lazima ilie bila umeme. Rilei iliyotolewa kwenye gari jingine, ya Denso halisi, mara nyingi inaizidi mpya ya bei chee ambayo ndani yake platini ni ndogo kama kichwa cha pini.

Ukibadilisha rilei na ile namba ya ampia uliyoandika ilikuwa kubwa, badilisha na mota au brashi zake. Vinginevyo utarudi dukani. Sababu nyingine ya rilei kufa mapema ni kuosha injini kwa mashine ya presha: maji yanaingia chini ya boksi, miguu inaota kutu ya kijani, mguso unakuwa mbaya na joto linaanzia hapo. Funika boksi kwa mfuko wa plastiki kabla ya kuosha, au usioshe kabisa.

Kuhusu kuunganisha moja kwa moja, sikubaliani nako. Feni ikipitishwa kwenye swichi ndogo ya dashibodi, ampia zote zinapita ndani ya kabini kwenye waya usio na uwezo huo, na siku dereva atakaposahau kubonyeza, gasketi ya silinda hedi ndiyo itakayomkumbusha. Gari lako tayari lina njia yake ya dharura: rilei ikiwa nzima na swichi mbovu, chomoa soketi ya swichi, ifunge kwa tepu isiguse chuma, na feni itazunguka muda wote ufunguo ukiwa ON. Rilei ikiwa mbovu, waya wa milimita za mraba 2.5 kati ya tundu la 3 na la 4 unakufikisha nyumbani, na fyuzi ya RDI FAN bado inakulinda. Ukiwa bado kwenye foleni na mshale unapanda, washa hita ya ndani kwa joto la mwisho na kasi ya mwisho. Utatoka jasho, lakini hita ni rejeta ndogo na itapunguza.

Wasomaji wenye Vitz, IST, Premio au Fielder za miaka ya 2000 wasichukue haya kama yalivyo. Huko kwa kawaida kompyuta ya injini inasoma sensa na kuamuru feni, rilei ni ya kawaida ya 3 na 5, na ukiunganisha matundu hayo mawili feni inazunguka. Ukichomoa sensa, kompyuta nyingi zinawasha feni kwa usalama, lakini zinaacha taa ya check engine na kosa la kufuta. Usipeleke volti 12 kwenye waya wa amri unaotoka kwenye kompyuta. Kompyuta inaupa ethi tu. Na kwenye magari yenye feni mbili zinazozunguka polepole zikiwa zimeunganishwa mfululizo, mota moja ikikatika zote mbili zinasimama kwa kasi ya chini, kisha joto likizidi ile nzima inaanza peke yake kwa kasi kubwa. Wengi hubadilisha rilei tatu bure kwa dalili hiyo.

Baada ya kumaliza, jaza maji au kulanti, toa hewa, funga mfuniko, washa injini na iache ikae bila kukanyaga mafuta. Feni ianze mshale ukiwa karibu katikati, izime yenyewe baada ya dakika chache, ianze tena. Iache ifanye mizunguko mitatu. Wakati wa mzunguko wa tatu, feni ikiwa inazunguka, weka ncha nyekundu ya mita kwenye chanya ya betri na nyeusi kwenye waya wa chanya wa mota kwa kuchomeka pini nyuma ya soketi: volti 0.5 au chini ni sawa. Fanya hivyo upande wa hasi pia, kutoka mota hadi betri, na hapo usikubali zaidi ya 0.2. Ikizidi hapo, safisha mguso wa ethi kwenye bodi kwa brashi ya waya kabla hujafunga boneti.